Zamu ya Randa

Bosi wa kwanza alikufa wakati hakuna mtu aliyeshika padi.

Bosi mwenyewe alikuwa nge, tena nge wa kwenye gemu, adui mkuu wa hatua ya kwanza, mkubwa kama nusu ya kioo cha televisheni, mkia wake ukirusha moto. Randa alikuwa amepigwa naye asubuhi nzima. Seremala mzima, mtu wa kupanda mapaa ya watu, anaaibishwa na mdudu wa kuchora! Lakini ndiyo hali ya aliyevunjika mguu. Alianguka kutoka kwenye kenchi za paa la nyumba ya watu, akafungwa plasta mpaka juu ya goti, na alipochoka kutazama nyufa za dari akalivuta sanduku lililokuwa chini ya kitanda, akatoa mashine ya gemu ya utotoni. Kaseti iligoma kusoma. Akaichomoa, akaipuliza kama walivyokuwa wakiipuliza zamani, akairudisha. Televisheni ya chogo ikakohoa muziki, na kimtu kidogo chenye taa mkononi kikasimama kwenye kona, kikisubiri kukimbizwa kwa vitufe vya padi.

Mkewe, fundi cherehani ambaye mtaa mzima ulimwita Sindano, alikuwa chumba cha mbele akishona. Pazia tu ndilo lililowatenga. Alimsikia mumewe akifa, akisonya, akifa tena, naye akawa anacheka peke yake. Kisha akamsikia akisema kwa sauti ya kitoto, "Kaka, nipitishie."

Kicheko kikamkauka. Kaka alikuwa kaburini tangu kabla hawajaoana.

Kisa cha maneno hayo alikijua. Walipokuwa wadogo, Randa akikwama kwa bosi aliiweka padi kwenye mkeka, upande wa kulia, akaomba kupitishiwa. Kaka aliichukua na kummaliza bosi huyo huku akipiga mluzi. Lakini wavulana wale walikuwa na sheria yao: anayekupitishia bosi anachukua zamu yako. Kaka alikula zamu nyingi kwa njia hiyo, na Randa akakua mpaka akaota ndevu bila kumpiga bosi hata mmoja.

Magongo yakagonga sakafu, Randa akaenda chooni. Cherehani ilikuwa imesimama, na katika ukimya ule Sindano akasikia vitufe vikibonyezwa upande wa pili wa pazia. Tak. Tak-tak. Tak. Muziki ukapanda, ukageuka kuwa wa ushindi.

"Umemwacha nani anacheza?" aliuliza Randa aliporudi.

"Na mimi nikuulize wewe."

Nge alikuwa akipasuka vipande vipande kwenye kioo. Padi ilikuwa juu ya mkeka, pale pale alipoiacha. Randa alisimama akitazama, na badala ya kuogopa akalia. Alilia kwa furaha, maskini, kwa sababu kwa muda wa pumzi moja alikuwa na kaka yake tena.

Mchana ule Sindano alimletea chai. Ilikuwa ya moto wa kuunguza ulimi, naye akainywa yote kwa mkupuo mmoja bila kuipuliza. Sindano akamuuliza kama anataka nyingine. Mumewe alikuwa ameviinua vidole vyake mbele ya macho, anavikunja, anavikunjua. Baada ya kitambo akapepesa macho na kusema, "Mke wangu, chai yangu iko wapi? Na mbona mdomo unaniwaka?"

Sindano akajiambia ni dawa za maumivu. Mwenye kutaka usingizi hakosi mto.

Bosi wa pili alikuwa popo, na safari hii Sindano alichungulia. Randa alikuwa ameiweka padi upande wa kulia, ameomba, amegeukia ukutani kama mtoto anayecheza kujificha. Vitufe vilikuwa vikizama na kuinuka vyenyewe, na mkeka mbele ya padi ulikuwa umebonyea kama umekaliwa na mtu mzito. Harufu ikapenya pazia, harufu ya nywele zilizoungua.

Popo alipoanguka, Randa aligeuka na kuinuka. Aliinuka bila magongo. Aliukanyaga mguu wa plasta kama mguu mzima, akafungua kabati, akafungua dirisha, akaja mpaka kwenye cherehani na kusimama karibu mno, akiishika mikasi na kuipima uzito.

"Wewe," alisema taratibu. "Hii nyumba ina milango mingapi?"

Katika miaka yote ya ndoa Randa hakuwahi kumwita mkewe "wewe", hata wakiwa wamenuniana. Sindano alijibu kuwa ni miwili, na yule mtu akaenda kuihakiki yote miwili, akiufungua na kuufunga kila mmoja, mpaka taa za jirani zikawashwa. Randa mwenyewe alirudi wakati wa kulala, akigumia kwa maumivu ya mguu.

"Ulikuwa wapi?" mkewe alimnong'oneza.

"Usinicheke."

"Nani ana hamu ya kucheka hapa?"

"Niko mahali kuna muziki ule ule. Nakimbia na taa mkononi. Mashimo kila mahali, Sindano, na nikitumbukia nasikia kifo chenyewe, halafu naanza upya. Kila mara nachelewa zaidi kurudi."

"Basi hiyo kaseti naitupa sasa hivi."

Randa akamshika mkono. "Ni kaka yangu. Nitamfungia vipi mlango?"

"Kaka yako alikuwa anakula zamu yako ya gemu. Huyu anakula ya kuishi. Nitazame usoni uniambie huyo ni Kaka."

Hakumtazama, na hilo ndilo lililomuuma Sindano kuliko yote. Aliificha padi kwenye ndoo ya unga. Lakini kiu ya aliyefiwa haina akili. Siku Sindano alipokwenda kupeleka gauni la mteja, Randa aliupekua unga wote mpaka akaipata padi, na mkewe aliporudi alikuta nyayo nyeupe sakafuni, za mguu mmoja mtupu na mmoja wa plasta, zikitoka mbele ya televisheni mpaka mlangoni na kupotelea nje. Kwenye kioo, bosi wa tatu, jitu la mawe, alikuwa amelala kifudifudi. Kimtu chenye taa kilikuwa kimesimama mlangoni pa kasri la mwisho, na Sindano alipokisogelea aliona kinahema, kinayumba, na mguu wake mmoja, mguu ule ule uliovunjika wa Randa, umekuwa mweupe na mnene kuliko mwingine.

Akapiga yowe, kisha akakimbia kumwita Mkasi.

Mkasi alikuwa kinyozi, lakini watu walimfuata zaidi kwa majini kuliko kwa nywele. Alikuja na vumbi la poda shingoni, akainusa padi, akasikiliza habari yote, akaketi mbali na mkeka.

"Jini anayevamia namtoa," alisema. "Huyu hakuvamia. Kawekewa padi, kaombwa, kapewa nafasi. Nikimwambia toka, ataniuliza mimi nani."

"Kwa hiyo ndiyo basi?"

"Dada yangu, sijasema hivyo. Ameingia kwa sheria ya watoto, atatoka kwa sheria hiyo hiyo. Mabosi wamebaki wangapi?"

"Wa mwisho. Mfalme."

"Akimpiga yeye, gemu imekwisha, hakuna tena zamu ya kudaiwa. Mumeo atabaki humo ndani. Ukimpiga wewe, zamu ni yako, umrudishie unayemtaka." Akanyanyuka. "Unajua kucheza?"

"Najua kushona."

"Haya. Mungu ni mkubwa," alisema Mkasi, kwa sauti ya mtu anayezungumzia jambo gumu.

Jini alikuwa na kiburi cha mshindi. Hakuwa na haraka na mfalme. Alipenda kwanza kuuzungusha mwili aliouteka, aone masoko, aguse kuta, na kila akitoka Sindano alikaa kwenye mkeka. Mwanzoni alikuwa akilia kuliko kucheza, kwa sababu kila kimtu kikitumbukia alijua ni nani aliyetumbukia. "Nisamehe," alikuwa akikiambia. "Nisamehe, baba, twende tena." Nacho kilisimama tena pale mlangoni kikichechemea. Siku nyingine, vidole vyake vilipochelewa, kiliruka kabla hajabonyeza, naye akalia kwa sababu nyingine.

Mfalme alikuwa na kinyago badala ya uso. Alipiga mara mbili, akatulia, akapiga mara moja, akageuka. Sindano aliushika mwendo huo pale tu alipoacha kuufikiria na kuuacha mguu wake ukanyage sakafu kama anayeendesha cherehani. Mbili, tulia, moja, geuza kitambaa. Kinyago kikaanza kupata nyufa.

Jioni ile aliyomfikisha mfalme ukingoni alikuwa amebakiwa na maisha ya mwisho aliyopewa na gemu, na kaseti, ambayo ilikuwa imepata joto jingi, ilianza kutoa muziki uliopinda, unaoshuka na kuzama kama unapigwa ndani ya kisima, na hapo ndipo mlango wa nyuma ukafunguka, kisha ukafunguka wa mbele, yote miwili kwa wakati mmoja ingawa mwenye miguu alikuwa mmoja, na hatua za plasta zikaja polepole juu ya sakafu, na harufu ya nywele zilizoungua ikamfikia kabla ya hatua, na mkeka upande wake wa kulia ukabonyea, na pumzi isiyo na joto lolote ikamgusa sikio, naye hakuthubutu kugeuza shingo kwa kuwa mfalme alikuwa anainua upanga.

"Mke wangu."

Ilikuwa sauti ya Randa. Ilikuwa na mkwaruzo wake, na uchovu wake, na ule upole wake wa asubuhi.

"Mke wangu, vidole vimekuvimba. Umehangaika kiasi cha kutosha. Lete hapa nikupitishie."

Jasho lilimwingia machoni. Mwili wake wote ulitaka kuamini, ulitaka kumkabidhi mtu mwingine mzigo ule na kuegemea bega analolijua. Padi ilikwishaanza kuelekea kulia. Ndipo akakumbuka kicheko chake cha siku ya kwanza, akimsikiliza mumewe akifa, akifa tena.

"Mume wangu," alisema bila kugeuka, "hajawahi kumpitishia mtu bosi tangu azaliwe. Hajui."

Mbili. Tulia. Moja. Akabonyeza kwa nguvu mpaka kucha ikakatika, na kinyago kikapasuka, na nyuma yake hakukuwa na uso wowote, ila mwanga mweupe uliojaza kioo. Kando yake kitu kizito kikaanguka.

"Zamu ni yangu!" Sindano alipiga kelele. "Namrudishia Randa! Randa, chukua zamu yako!"

"Mguu!" Randa alilia kutoka sakafuni. "Mama yangu, mguu wangu! Nani kautembelea mguu wangu?"

Hakuna wimbo uliowahi kumpendeza Sindano kuliko kilio kile.

Mkasi aliichoma kaseti uani kwake. Mashine waliivunja kwa nyundo, mume akiwa amekaa kwenye kiti na kuomba apige yeye pigo la mwisho. "Angalau mmoja nimpige mwenyewe," alisema, na wote wakacheka, hata Mkasi. Lakini alipokuwa akiaga alimvuta Sindano pembeni.

"Nimeona ametoka kwenye zamu," alinong'ona. "Kwenye nyumba sijamwona akitoka. Msiombe msaada humu ndani kwa mtu msiyemtazama usoni. Hata wa kushikiwa kikombe."

Wakaifuata miiko hiyo kwa uangalifu. Waliokuja kuwatembelea walidhani ni mapenzi, jinsi wawili wale walivyotazamana kila mmoja alipomwambia mwenzake nisogezee hiki, nipe kile. Plasta ikatolewa. Randa akaanza tena kwenda kwenye karakana, akichechemea kidogo. Mkeka waliugawa. Hofu nayo ikazoeleka, kama vitu vyote vya nyumbani.

Mchana mmoja Sindano alikuwa na gauni lililomtoa roho. Mkono wa kulia ulikataa kukaa begani. Aliushona, akaufumua, akaushona tena, mteja naye alikuwa njiani. Alisikia nyuma yake, upande wa pili wa pazia, magongo yakigusa sakafu.

"Randa," alisema, pini zikiwa mdomoni, macho yakiwa kwenye mshono, "hebu nisaidie hapa, huu mkono umenishinda."

Akainuka kwenda kutafuta uzi kabatini. Aliporudi, mkono ulikuwa umekaa begani, mshono umenyooka kuliko mshono wowote aliowahi kushona. Kanyagio la cherehani lilikuwa bado linapanda na kushuka.

Mlango wa mbele ukafunguliwa. Randa aliingia kutoka karakana, unga wa mbao kichwani, hana gongo lolote mkononi. Magongo alikuwa ameyarudisha hospitali zamani.

"Mke wangu, leo joto limezidi," alisema. Kisha akanusa hewa. "Sindano? Una nini?"

Mkewe alikuwa ameviinua vidole vyake mbele ya macho. Alivikunja, akavikunjua.

"Wewe," alisema taratibu. "Ile milango miwili. Bado ni miwili?"