Sina Kifua

Kinusio kilivuta pumzi ya Bi Staamili kama mtoto anavyovuta juisi kwa mrija, kisha kikatulia kuionja. Hakikuwa na sindano, ni mdomo wa mpira tu na taa ndogo juu yake. Kiliweza kunusa saratani ya mapafu ikiwa bado punje, kabla mwenyewe hajashtuka. Jiji la Korogwe, ambako mkonge ulikuwa umeacha kuwa kamba ukawa ngozi ya vyombo vya anga, lilikihitaji kuliko jiji lolote, maana vumbi la viwanda vile halikumbagua mtu.

Lakini kunusa ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni kusikia. Kinusio kilisikiliza kila neno la mgonjwa, kikalichanganya na harufu, kisha kikatoa msimbo. Na msimbo, bwana, ndio uliokuwa kila kitu. Ukipewa "mapafu moja", yaani saratani changa, asubuhi unachomwa kwa mwale, jioni unakula ugali nyumbani kwako. Ukipewa "doa", yaani alama isiyo na hatari, unaambiwa urudi mwakani. Daktari hakuruhusiwa kutibu kinyume cha msimbo, na hapakuwa na binadamu aliyeruhusiwa kuubadili.

Aliyekifundisha Kiswahili ni Mhandisi Zawena Mhando, na siku hiyo alimleta shangazi yake mwenyewe, huyo Bi Staamili, aliyekula vumbi la mkonge ujana wake wote. Zawena alikuwa na raha zake. Wakati wanasubiri taa, alimwinamia shangazi akamnong'oneza kuwa ana mimba, ila baba yake asijue kwanza, atamwambia mwenyewe.

Shangazi akacheka. "Haya. Ila wanijua, mwanangu. Mimi sina kifua."

Taa ikawaka kijani. Doa. Wakatoka wakitaniana, wakapitia vitumbua.

Mwaka haujaisha, shangazi akaanza kukohoa damu. Kinusio kikamnusa tena, na safari hii hakikuhitaji kusikia lolote: mapafu nne. Msimbo huo hauna mwale. Una dawa ya maumivu na pole.

Zawena alijifungia ofisini akafungua kumbukumbu ya siku ile, akiwa na hakika atakuta pua ya mashine ndiyo iliyokosea. Pua haikukosea. Ilinusa punje, ikasema ina shaka, ikaliachia sikio liamue. Sikio likaandika: mgonjwa amekana kifua. Hakohoi, haumwi, habanwi. Na punje yenye shaka, isiyo na dalili, ni doa.

Yeye ndiye aliyekifundisha hivyo. Alikuwa amesikiliza sauti za wagonjwa wengi, kila mmoja akisema "nina kifua" kwa maana ya kukohoa na kubanwa, akaona neno limekwisha hapo. Mtu aliyezaliwa Korogwe, aliyesemwa na shoga zake wote shuleni kuwa hana kifua kwa umbea wake, akasahau kuwa kifuani ndimo watu wanamofungia siri! Usomi huu nao.

Mkurugenzi wa hospitali, Dakta Lukindo, alimsikiliza mpaka mwisho na akaonyesha kusikitika. Akasema neno litarekebishwa kimyakimya wiki hiyohiyo. Misimbo iliyokwisha kutoka isiguswe, maana ukifungua mmoja itabidi ufungue ya wote waliowahi kutania mbele ya mashine, na jiji litaacha kuiamini. Isitoshe, kumbukumbu inaonyesha mgonjwa alikana kwa kinywa chake.

"Mambo haya ni ya humu ndani," alimalizia. "Naamini wewe una kifua, Mhandisi."

Zawena alitoka akaenda moja kwa moja wodini. Alidhani ukweli ndio kitu pekee alichobakiwa nacho cha kumpa shangazi yake. Alimkuta amemlaza ubavuni mtoto mchanga ambaye Zawena alimwachia asubuhi, anamtania kuwa kachukua pua ya babu yake. Zawena akamweleza yote: punje, sikio, neno, na kwamba asubuhi moja tu ingetosha kumponya. Akasema kosa ni lake na atalisema mbele ya jiji zima. Akalia.

Shangazi alianza kucheka, kicheko kikageuka kikohozi. Kilipotulia, alimsogeza mtoto taratibu upande wa mama yake.

"Kwa hiyo ni utani," alisema. "Mimi nilishakubali kuwa ni vumbi. Vumbi nililifuata mwenyewe, likanisomeshea wadogo zangu. Nilishaelewana nalo."

"Nisamehe, shangazi."

"Hili ungekaa nalo, Zawena. Waambie watu wote, usimwache hata mmoja. Ila mimi ungeniacha."

Akageukia ukutani, na hakugeuka tena mpaka muda wa kuona wagonjwa ulipokwisha.