Kanisa Lililofungwa Jumapili

"Tazama hii vizuri kabla hujaendelea kucheka."

Auntie Lydia alimsukumia Teresia simu katikati ya vikombe vya chai. Ibada ya Kiswahili ilikuwa imeisha dakika kumi tu, na ukumbi mzima ulikuwa ungali unampa Teresia mkono. Jina lake lilikuwa limesomwa mara ya pili: Teresia wa usharika huu wa Woolwich, London, na Mchungaji Jeff anayehudumu Norwe wanakusudia kufunga ndoa takatifu, mwenye pingamizi aseme. Ilibaki Jumapili moja. Kwa Walutheri wa hapa, kama jina halijasomwa mara tatu hakuna harusi, hata keki iwe imeshaokwa.

Teresia akabonyeza vidio.

Kanisa jeupe la mbao, makaburi yamepangwa vizuri, maji ya bluu nyuma yake. Alilijua. Ndilo lililokuwa kwenye picha aliyotumiwa na Jeff mwezi wa nne, na tangu siku hiyo ndiyo picha anayoiona kila akiwasha simu. Kwenye vidio mkono wa mwanamke ulishika kitasa, ukatikisa. Mlango haukufunguka. Ukatikisa tena.

"Ni saa tano, Jumapili," sauti ya Bridget ikasema. "Kumefungwa. Hakuna gari, hakuna mtu. Kuna paka."

"Bridget ako Norwe?" Teresia akauliza.

"Aliondoka jana. Alitaka kumrekodi bwana harusi akihubiri, akuonyeshe kwenye sherehe yako ya bridal shower. Endelea kutazama."

Bridget alikuwa rafiki yake wa miaka tisa, mkaazi wa Hounslow, mfanyakazi wa uwanja wa ndege wa Heathrow. Tiketi kwake ni kitu cha kuamua leo na kuondoka kesho. Kwenye vidio alikuwa amemsimamisha mzee mmoja mwenye kofia ya sufu, akamuuliza kwa Kiingereza, kasisi yuko wapi? Mzee akatikisa kichwa polepole. Hapa leo hakuna kasisi, akasema. Jaribu Oktoba.

Vidio ikaisha.

"Duka linaweza kufungwa Jumapili," Auntie Lydia akasema kwa sauti ya chini. "Benki pia. Kanisa, Teresia? Umewahi kuona wapi?"

"Labda Jeff ni mgonjwa."

"Basi muulize. Mimi niko hapa."

Teresia akaandika: *Umehubiri leo?*

Jibu likaja baada ya dakika ishirini: *Ndiyo mpenzi. Watu kumi na mmoja, halafu keki ya tufaha. Wewe je, wamekusoma?*

Teresia akasoma mara mbili. Kisha akalaza simu kifudifudi juu ya meza na kumalizia chai iliyokuwa imeshapoa.

Jeff akapiga Jumatatu.

"Sauti yako iko mbali. Uko sawa?"

"Niko sawa. Nimechoka tu."

"Wamekutesa kazini?"

"Kidogo."

"Ijumaa nitakuwa hapo. Nitakupikia."

"Sawa."

Kuuliza ilikuwa rahisi, neno moja tu. Lakini hilo neno liligoma kutoka. Akiuliza atajibiwa, na akijibiwa huenda ikawa ndio mwisho. Alikuwa na miaka thelathini na tatu. Huyu mtu mrefu mpole wa Kapenguria, aliyekutana naye kwenye harusi ya binamu miaka miwili iliyopita, ndiye wa kwanza kumsikiliza mpaka mwisho wa sentensi.

Jumanne asubuhi alikuwa kwa Mzee Hemant, wa kwanza kwenye orodha ya wazee watano anaowatunza kazini. Mzee alizaliwa Kisumu na Kiswahili chake hakijaondoka huko. Teresia alikuwa amepiga magoti akimvisha viatu wakati simu ilipoita. Ni Mchungaji Kamande wa Woolwich.

"Dada Teresia, Bwana asifiwe. Nimeletewa barua. Ni pingamizi."

"Kutoka kwa nani, Mchungaji?"

"Mama Lydia. Anasema mchumba wako si mchungaji wa mahali popote. Na mimi nikiwa na pingamizi mkononi siwezi kusoma jina mara ya tatu. Ijumaa akija tukae chini, sawa?"

"Sawa."

Alipokata simu, mzee akamtazama.

"Umefunga kiatu kimoja mara mbili. Kingine bado."

"Samahani, Mzee."

"Si kitu. Wewe ni afadhali. Jana mwanangu Manish alikuja saa nne kukutafuta, akasema huyu mlezi haji kazini, atapiga simu ofisini. Nikamwambia wewe mjinga, anakuja saa mbili. Saa nne yuko kwa mtu mwingine."

Teresia akatabasamu kwa adabu. Akili yake ilikuwa kwa Auntie Lydia. Akampigia akiwa anatembea kwenda nyumba ya pili.

"Auntie, umeandika barua bila kuniambia."

"Ningekuambia ungenikataza."

"Ni maisha yangu."

"Ndiyo maana niliandika. Mwaka wa tisini na nane nilishuka Heathrow na anwani ya Hounslow kwenye karatasi. Mwanaume alikuwa ameniandikia barua miaka miwili, barua tamu. Nikagonga. Akafungua mtu mwingine, na hiyo nyumba hawajawahi kumsikia. Nilikaa kwenye ngazi na sanduku langu mpaka mvua ikaanza. Kwa hivyo mimi nikiona mlango umefungwa, sisubiri."

Teresia akasimama katikati ya njia. Miaka yote hiyo, hiyo ngazi hakuwahi kuisikia.

Ijumaa saa nane mchana walikuwa sebuleni kwa Auntie Lydia. Mchungaji Kamande kwenye kiti kikubwa, Bridget kwenye ukingo wa kochi, Teresia karibu na dirisha. Jeff aliingia na begi moja na mfuko wa jibini ya kahawia, zawadi. Akamtazama Teresia. Teresia akatazama jibini.

"Karibu, Mchungaji," Auntie akasema. "Kunywa chai. Halafu utueleze mlango."

"Mlango gani, mama?"

Bridget akamwekea vidio. Jeff akatazama yote, hata paka.

"Huyu mzee ni Arvid," akasema. "Ndiye anapiga kengele."

"Kengele gani na kumefungwa?" Bridget akauliza.

"Ya siku ya zamu. Bridget, ulifika mpaka pale na hukunipigia?"

"Ilikuwa surprise."

"Kwa nani sasa?" Jeff akasema, na Mchungaji Kamande akaficha uso kwenye kikombe.

Jeff akafungua Biblia yake, akatoa karatasi iliyokunjwa mara nne, akaitandaza mezani. Majina marefu, tarehe, saa.

"Usharika wangu una makanisa matano. Hilo jeupe ni moja. Lingine liko bondeni, lingine mlimani, lingine la mawe liko kando ya barabara kuu, lingine kisiwani. Yote yana mchungaji mmoja. Ni mimi. Mkuu wa jimbo anapanga zamu, tunachapisha, kila mtu anaweka kwenye friji. Jumapili iliyopita nilikuwa kisiwani, kwa feri ya saa tatu. Watu kumi na mmoja, na keki ya tufaha."

Auntie Lydia akavaa miwani.

"Matano. Na wewe uko kwa moja. Hayo manne yanafanya nini Jumapili?"

"Yanangoja."

"Yanangoja?" Auntie akavua miwani. "Nyumbani mchungaji akiwa mbali, mzee wa kanisa anafungua. Watu wanaimba, wanaomba, mtu anasoma neno. Hakuna kanisa linangoja."

"Najua, mama. Nimekulia hivyo hivyo. Mwezi wangu wa kwanza kule nilifungua yote matano Jumapili moja, asubuhi na mapema. Arvid akapita nyuma yangu akiyafunga, akidhani nimesahau."

Bridget akacheka mwenyewe, kisha akaona Auntie hacheki, akaacha.

"Saa nne niko kwa mwingine," Teresia akasema.

Wote wakageuka. Hilo ndilo neno lake la kwanza tangu Jeff aingie.

"Manish, mtoto wa Mzee Hemant, alikuja saa nne akanikosa, akasema siji kazini. Saa nne niko kwa Mama Tejal. Saa tano niko kwa mwingine. Ukigonga nyumba moja utasema huyu ni mwongo." Akaishika ile karatasi. "Auntie, hii ni rota ya zamu. Kama yangu."

"Karatasi mtu anaweza kuandika," Auntie akasema, lakini sauti ilikuwa imelegea.

Mchungaji Kamande akaweka kikombe chini. "Ndiyo maana Jumanne nilimwandikia mkuu wa jimbo lake. Amejibu leo asubuhi." Akasoma kwenye simu. "Anasema Jeff ni mchungaji wao mwaka wa tatu huu. Anasema tusimcheleweshe tafadhali, maana Jumapili ana ibada mbili na ubatizo."

Auntie Lydia akasimama, akachukua kikombe cha Jeff kilichojaa, akakimwaga, akamletea chai nyingine ya moto. Wote walielewa.

Jioni Jeff na Teresia waliteremka mpaka kwenye feri ya Woolwich. Walipanda, wakasimama kwenye reli, Thames ikipita chini yao kwa rangi yake ya matope.

"Hii ni fupi," Jeff akasema. "Yangu ni dakika arobaini."

"Jeff, nisamehe."

"Kwa nini hukuniuliza?"

"Niliuliza. Nilisema, umehubiri leo?"

"Uliuliza ukiwa na jibu lako mfukoni. Halafu siku tano unaniambia umechoka."

"Niliogopa utasema kitu ambacho siwezi kusahau."

Jeff akakubali kwa kichwa. Feri ikagusa upande wa pili, magari yakashuka, mengine yakapanda. Wao hawakushuka.

"Na wewe," Teresia akasema, "miaka miwili. Umeniambia kuhusu jibini, kuhusu Arvid na theluji yake. Kwa nini nimejua kanisa moja tu?"

Jeff akaegemea reli.

"Kwa sababu ndilo zuri. La bondeni linavuja. La mlimani halina choo. Nilijua ukijua ni matano, utajua pia kwamba kila Jumapili nitakuwa mahali pengine, na nusu ya wiki niko barabarani. Nikasema akishakuja ataona mwenyewe. Mwanamke gani anataka mume wa zamu?"

"Mwanamke ambaye anaamka saa kumi na moja kwa sababu ya zamu yake."

"Sikufikiria hivyo."

"Hukuniuliza."

Hapo wote wawili wakatabasamu, kila mmoja akitazama maji.

"Sasa sikiliza," Teresia akasema. "Mimi nikiwa na shaka, nitakuambia siku hiyo hiyo, hata uko kwa feri. Na wewe unanionyesha yote. Pamoja na linalovuja."

"Sawa."

"Sio sawa ya kesho. Sasa."

Jeff akatoa simu. Simu ya Teresia ikalia mara nne mfululizo. La mawe. La kisiwani, dogo kama ghala. La mlimani. La bondeni, na ndoo tatu za plastiki mbele ya madhabahu.

"Ndoo tatu?" akauliza.

"Mvua ikiwa kubwa ni tano."

Teresia akacheka mpaka akashika reli. Walivuka mto mara tatu jioni hiyo, mpaka mfanyakazi mmoja wa feri akawauliza kama wamepotea.

Jumamosi asubuhi Jeff akarudi Norwe. Jumapili saa nane Mchungaji Kamande akasimama mbele ya ukumbi na karatasi.

"Kwa mara ya tatu na ya mwisho," akasoma. "Teresia wa usharika huu, na Mchungaji Jeff. Kama kuna mwenye pingamizi, aseme sasa."

Kiti kikakwaruza sakafu. Auntie Lydia alikuwa amesimama. Shingo zote zikageuka, na kina mama wa safu ya nyuma wakaacha kupeana peremende.

"Pingamizi niliandika mimi," akasema. "Niliona mlango umefungwa nikasema hakuna mtu ndani ya maneno yake. Kumbe alikuwa kisiwani na watu kumi na mmoja. Niliandika kwa siri, nafuta mbele yenu." Hakukaa. "Lakini niko na swali. Hilo jeupe zamu yake ni lini?"

"Mama Lydia, hilo si pingamizi," Mchungaji Kamande akasema.

"Najua. Ni safari. Nataka kwenda kushika hicho kitasa mwenyewe."

"Tarehe kumi na mbili Oktoba," Teresia akajibu kutoka kiti chake. "Saa tano."

"Bridget, umesikia?"

"Nimesikia, Auntie. Tiketi tatu."

"Basi endelea, Mchungaji," Auntie akasema, akaketi.

Baadaye, kwenye chai, Teresia akaandika: *Leo uko kanisa gani?*

Jibu lilichelewa. Safari hii alikunywa chai yake ikiwa moto.

*Asubuhi mlimani, sasa bondeni. Watu tisa na mtoto wa kubatizwa. Ndoo mbili tu. Wewe je?*

*Wamenisoma mara ya tatu. Hakuna aliyepinga.*

*Hata Auntie?*

*Auntie anakuja kukagua mlango. Mwambie Arvid afungue mapema.*

Alipofika nyumbani aliitandaza ile karatasi yenye mikunjo minne aliyoachiwa na Jeff, akaibandika kwenye friji kando ya rota yake ya kazi. Akachukua kalamu. Kwenye rota yake, Jumapili ya tarehe kumi na mbili, palikuwa na majina matano ya wazee na saa zao. Akapiga simu ofisini, akaomba siku hiyo, akapewa. Akayakata majina yote matano kwa mstari mmoja, na juu yake akaandika: *Niko kwa wangu.*