Kimbunga cha Maji Ufukweni Mugunga

Kila asubuhi Kahambu na mdogo wake Kasereka walitoka kambini Mugunga kwenda kuteka maji ziwani. Vita viliwafukuza kwao Kanyabayonga, wakaacha shamba na mbuzi wao. Tangu hapo Kahambu, msichana wa miaka kumi na miwili, alikuwa mwepesi wa hasira, wala hakuionea haya hasira hiyo.

Siku hiyo wingu jeusi lilining'inia juu ya Ziwa Kivu. Kutoka kwenye wingu ukashuka mkonga wa kijivu, ukizunguka na kuyatimua maji.

"Nyoka wa ziwa!" alipiga kelele Mama Athanasie, mkubwa wa wateka maji. "Batoto bote mu maji! Mupige bidoni, ataogopa!"

Ndivyo walivyozoea. Watoto wakaingia hadi magotini wakipiga bidoni, yale madumu yao matupu ya maji, Kasereka akiwa mbele yao.

Damu ilimchemka Kahambu. Wiki iliyopita Mwalimu Magloire aliwafundisha kwamba huo ni upepo unaozunguka kwa kasi chini ya wingu, na kinachoonekana kama mkonga ni mvuke uliogeuka matone. Unaweza kupindua mtumbwi. Ukiuona, toka majini, kaa ndani ya nyumba imara.

"Ile haiko nyoka, mama! Ni upepo, haina masikio!"

"Nyamaza! Mwenye kutoka ndiye anamwita nyoka!"

"Tulikimbia masasi ya vita, sasa tukufe sababu ya bidoni?" Kahambu akamburuta Kasereka kwa mkono. "Mutoke bote!"

Watoto wakamfuata mbio hadi darasani kwa Mwalimu Magloire, jengo imara karibu na ufuko. Mama Athanasie alibaki akifoka, lakini mvumo wa upepo ulipozidi, naye akatimua mbio. Kimbunga kikafika ufukweni, kikainua mtumbwi mtupu na kuubwaga juu ya mawe ya majini, pale pale watoto walipokuwa wamesimama. Kisha kikafifia, nao wakarudi ufukweni pamoja na Mwalimu Magloire.

Mama Athanasie aliutazama mtumbwi uliopasuka vipande. "Miye nilijua ninabalinda," alisema.

"Kuogopa si kosa, mama," Mwalimu Magloire akamjibu kwa ukali. "Kosa ni kumulazimisha mutoto asimame mahali pa hatari kwa jambo ambalo hulijui. Anayejua aseme, hata akiwa mutoto. Na mukubwa asikilize."

Mama Athanasie akamgeukia Kahambu. "Unisamehe, binti yangu."

Kahambu aliitikia kwa kichwa tu. Alikuwa amemkumbatia Kasereka, na hasira yake ilikuwa haijaisha. Mwalimu hakumwambia aiache.