Dakika Arobaini Zilizokatwa

Jamani, nimemsikia mtu akimshukuru aliyemuua mke wangu, mbele ya ukumbi mzima.

Mtu huyo ni mimi.

Uso wangu umejaa kwenye skrini, mkubwa kama mlango. "Wauguzi walijitahidi, nawashukuru... Mganga mkuu alikuja mwenyewe."

Makofi. Mganga mkuu, kiti cha mbele kabisa, akainamisha kichwa kama bwana harusi.

 

Sikieni. Mke wangu alifia kwenye upasuaji wa uzazi, umeme ulipokatika. Jenereta la hospitali lilikuwepo. Dizeli yake ilikuwa kwenye gari la mganga mkuu. Yote hayo niliyasema kwenye kamera. Na kweli alikuja mwenyewe... kunishikisha karatasi niweke dole gumba. Mimi kusoma sijui. Kumbe iliandikwa mke wangu alifika akiwa maiti.

Hii dokumentari kwenye skrini ni ya shemeji yangu, mdogo wa marehemu. Miaka kumi na mbili anafichua mashamba yaliyoporwa, kura zilizoibwa... halafu kifo cha dada yake ndicho kimshinde?

Nikamfuata aliposimama, pale ukutani.

"Shemeji, umenifanya nini?"

"Wizara ndiyo imelipia filamu. Walitaka iwe hivi."

"Na mkasi kashika nani?"

Akatazama viatu vyake. "Kaa, shemeji. Kuna kipindi cha maswali."

Maswali yakaanza, nikaomba maiki.

"Kile kipande changu kirudiwe."

"Mzee kajipenda!" mshereheshaji akasema. Watu wakacheka.

Kikarudiwa.

"Msinitazame mimi. Tazameni saa ya ukutani nyuma yangu. Nikisema 'nawashukuru', ni saa nne na dakika tano. Nikisema 'mganga mkuu', ni saa tano kasoro robo. Mimi ni fundi saa, hiyo naitia ufunguo mwenyewe, hairuki. Dakika arobaini zangu ziko wapi?"

Kicheko kikakatika.

"Rudisha tena," mama mmoja akasema.

Wakazima maiki. Wapi... nikazimwaga zote arobaini kwa koo langu, dizeli, gari na dole gumba. Mganga mkuu akatorokea mlango wa nyuma, koti kaliacha kitini.

Nje, shemeji akanishika mkono, analia.

"Wizara waliniagiza niifute ile saa kwenye picha. Nikawadanganya haifutiki. Niliiacha kwa ajili yako, nilijua jicho lako litaiona."

Alingoja nimkumbatie.

"Na ningeumwa tumbo leo, nikabaki nyumbani?"



Nikautoa mkono wangu. Yule mganga ananitia kinyaa, sawa. Lakini huyu alimjua dada yake, na dakika zote arobaini alikuwa nazo...

Ndugu zangu, ukiujua ukweli, useme kwa mdomo wako. Usimwachie mfiwa aje akusemee.