Kamba ya Kiatu Kwenye Kabati

Medali ya dhahabu ilikuwa imetoweka, na kabati halikuwa na hata mkwaruzo.

"Kufuli liliharibika zamani," alisema mwenyekiti wa klabu ya riadha, jasho likimtoka. "Tunafunga vishikio kwa kamba ya kiatu. Mwizi kachukua, kafunga tena. Dharau gani hii! Na wafadhili wanakuja kesho!"

Inspekta alichuchumaa. Ugonjwa wake ulikuwa mmoja tu, udadisi. Fundo lilikuwa maradufu, na ncha zimesokomezwa chini ya kamba.

"Ndivyo unavyofunga?"

"Mimi? Nafunga kawaida tu, ncha zinaning'inia."

Inspekta akatoka nje, akaenda uwanjani, akaanza kukagua viatu vya watu kama fundi viatu aliyekosa wateja. Wanariadha wakamcheka. Ncha zote zilining'inia, isipokuwa za mwanamke mmoja aliyekuwa akinyoosha misuli peke yake. Alikuwa Upepo, yule mkimbiaji! Nani asiyemjua? Alishinda, akapimwa, akakutwa na dawa za kuongeza nguvu, akafungiwa. Adhabu ilikuwa imeisha juzi tu, na Jumamosi angekimbia tena.

"Mbona unazisokomeza ncha?"

"Niliwahi kukanyaga kamba nikaanguka mbioni, afande. Tangu hapo mikono inafunga yenyewe."

"Hata kabati la mwenyekiti?"

Upepo akaitazama mikono yake. Akacheka kidogo, machozi yakimlengalenga.

"Jamani, mikono hii! Basi, nimechukua mimi."

"Iko wapi?"

"Kwa mwenzangu niliyemwibia ushindi, yule aliyemaliza wa pili. Aliacha mbio kwa uchungu. Chama cha riadha kilinivua ushindi, kikaidai medali yangu hapa klabuni ili apewe yeye. Mwenyekiti akawaambia imepotea."

Inspekta akageuka. Mwenyekiti alikuwa amewafuata.

"Ilipotea, mwenyekiti? Mbona leo umeniripotia wizi?"

Mwenyekiti akaanza kurudi nyuma. Inspekta akamtazama Upepo.

"Nikifungua kesi, Upepo, Jumamosi hukimbii."

"Najua, na inaniuma. Lakini safari ile ya dawa nilikana mpaka mwisho. Leo sikani. Niandike."

Inspekta akatoa kalamu, ila swali moja lilikuwa likimwasha.

"Alisemaje ulipompa?"

"Aliipokea, akanibamizia mlango. Nikabaki nimesimama kama mjinga. Halafu nikamsikia ndani anawaita wanawe: 'Njooni muone medali ya mama!'"

Inspekta akarudisha kalamu mfukoni, akamshika mwenyekiti mkono.

"Twende kituoni, mzee. Wewe ndiye utakayeanza kutoa maelezo." Akamgeukia Upepo. "Wewe njoo Jumatatu, ukishakimbia."