Suti Isiyo na Mifuko

Lifti ya jengo la maduka ilikwama katikati ya ghorofa ya tatu na ya nne, saa sita mchana, watu wamejaa pomoni kila duka. Ndani ya lifti alikuwemo mshonaji mmoja peke yake, gauni la kijani, jora la kitambaa kwapani. Alipiga kelele hadi koo likakauka. Ndipo mwanamume akasema kwa nje, taratibu, "Dada, usijichoshe. Kama unanisikia, gonga mara moja."

Akagonga mara moja. Mlango ulipofunguka alimkuta fundi lifti ndani ya ovaroli ya bluu, grisi hadi masikioni, anatabasamu kama aliyeokota kitu. Haukupita mwezi, wakawa wanamalizana chaji za simu. Mwanamume alimwita Sindano, naye mshonaji akamwita Fundi.

"Umekula, Sindano?"

"Nimekula. Teremka huko juu, usije ukaniacha mjane hata harusi sijaiona."

Utani huo alikuja kuujutia. Fundi alianguka kwenye shimo la lifti, akaumia vibaya kichwani, na kwa wiki tatu hakufumbua hata jicho. Alipofumbua, Sindano alikimbilia wodini akijua ameamka. Macho yalikuwa wazi, yanapepesa, lakini yalimpita kama yanavyopita ukuta. Daktari alimweleza kwamba kufumbua macho ni jambo moja na kujitambua ni jingine. Walimwambia mgonjwa abane mkono, hakubana.

"Hatujaona dalili ya fahamu," alisema daktari, "lakini si kwamba tuna hakika hana. Fahamu za mgonjwa wa namna hii huja na kupotea. Ndiyo maana tunampima tena na tena."

Sindano alisikia nusu ya kwanza tu. Shangazi aliyemlea Fundi naye alishakata tamaa, akamwomba amshonee suti ya kuzikwa, maana maisha yake yote hakuwahi kuvaa suti. Sindano hakukataa. Alikwenda na tepu yake, akampima palepale kitandani, simu kaibana begani, akimsomea mwenzake wa dukani: kifua, bega, mkono.

"Ni ya kuzikia," alisema alipoulizwa. "Usihangaike na mifuko, ataweka nini?"

Aliyasema hayo akiwa amemwinamia, pumzi yake inamgusa Fundi shavuni.

Siku ya kumi na moja baada ya kipimo hicho, muuguzi alimpigia simu: kidole cha Fundi kinagonga chuma cha kitanda, nao hawaelewi. Sindano alifika anahema.

"Fundi, unanisikia?"

Kidole kikagonga, mara moja. Muuguzi alicheka kwa furaha. Sindano alitoka nje, maneno yake ya suti ya kuzikia yakimrudia. Wodi nzima hakuna aliyejua ugongaji ule ila yeye, na hakuwahi kumuuliza mgonjwa swali hata moja. Alimpima tu.

Hakurudi tena. Alimtumia shangazi matunda, akasingizia kazi nyingi. Fundi, aliyeanza kusema tena, akiokota neno moja moja, aliamini kaachwa kwa sababu ya mguu wa kuburuta na ulimi mzito. Mwezi wa tano tangu aumie, akapiga simu mwenyewe.

"Sindano. Lete. Suti yangu."

Alimkuta sebuleni kwa shangazi, kwenye kiti cha mbao, amekonda, shati limefungwa vifungo kombo. Sindano aliiweka suti mapajani mwa Fundi, akashindwa kuinua uso.

"Ulisikia?" aliuliza.

"Vipande." Alipumzika kidogo. "Tepu ilikuwa baridi. Nilitaka kugonga. Mkono ukakataa."

"Nilikupima kama maiti, Fundi. Na wewe umo humo ndani, unanisubiri."

"Ndiyo," alisema, wala hakulainisha neno. "Iliuma. Lakini kutokuja kwako. Kuliuma zaidi."

Sindano alilia kwa aibu, kimya kimya, kama mtoto aliyefumaniwa. Fundi aliipapasa suti kwa mkono mmoja, pole pole, kutoka kola hadi pindo.

"Hukuweka mifuko."

"Sikuweka."

"Weka mmoja. Nitatia pete." Akameza mate. "Kama bado unanitaka. Na mguu huu."

Sindano alijifuta machozi kwa kiganja. Akanyoosha mkono hadi kwenye kiti cha mbao, akagonga mara moja.