Chewa Aliyeogeshwa Maji ya Kisima

Sogeeni, sogeeni. Miguu yote ndani ya mkeka. Palikuwa na mtoto, na palikuwa na samaki.

Mtoto aliitwa Mize. Jino lake la mbele lilikuwa limeng'oka, na ulimi wake ulipenda kuchungulia pale penye pengo.

Samaki aliitwa Mnuno. Alikuwa chewa, chewa mchanga mwenye madoa. Mdomo wake wa chini ulitokeza mbele, kama mtu aliyenyimwa ubwabwa.

Mnuno aliishi kizimbani pamoja na chewa wenziwe. Kizimba ni nyumba ya wavu. Kilikuwa ndani ya hori, mkono mwembamba wa bahari, penye mikoko, na maji ya chumvi yaliingia huku yakatokea kule.

Kila asubuhi Mize na mama yake walikwenda kuwatupia samaki dagaa. Chubwi! Samaki hao wanakuja. Gubu! Dagaa hayupo.

Wa kwanza kufika alikuwa Mnuno. Akishashiba alitulia, akapumua taratibu kwa mashavu yake.
Pwa... pwa... pwa...

Siku moja, chubwi! Mnuno hakuja.

Alikuwa kwenye pembe ya kizimba, anajikuna kwenye wavu. Kwaru, kwaru, kwaru. Alipumua kama mtu aliyefukuzwa na nyuki.
Pwapwapwapwapwa!

"Mama," akaita Mize. "Mnuno hali!"

Mama alimchota kwa wavu wa mkono, akamtia kwenye ndoo ya maji ya bahari. Akamwinua shavu kwa kidole gumba.

Ndani ya shavu la samaki kuna matamvua. Hayo ndiyo anayopumulia. Ya samaki mzima ni mekundu kama nyanya mbivu. Ya Mnuno yalikuwa yamepauka, na yanateleza kama bamia.

"Anaumwa," akasema Mama.

Pale ukingoni alikaa Shangazi Raya, dada wa baba yake Mize, anapara samaki. Mdomo wake haukuwa na mlango.

"Wifi, mila ya hapa unaijua," akasema Shangazi. "Chewa asiyekula hatukai naye, atawaambukiza wenziwe. Jua likishuka hajala, chunguni! Nazi nitaikuna mwenyewe."

"Shangazi!" akalia Mize.

"Shangazi nini? Hata wewe usipokula tutakutia nazi."

Mize hakucheka. Alimtazama Mnuno ndani ya ndoo.
Pwapwapwapwapwa!

"Shangazi, dawa yake nini?"

"Dawa? Jino lako lilipouma tulikupa nini?"

"Maji ya chumvi."

"Na ulipokatwa na chaza mguuni?"

"Maji ya chumvi."

"Na koo la baba yako?"

"Maji ya chumvi."

"Sasa waniuliza nini tena, mtoto wewe?"

Pale horini kila maradhi yalipelekwa kwenye chumvi. Hakuna aliyekumbuka kwamba Mnuno amezaliwa ndani ya chumvi, na anakaa ndani ya chumvi, na ameugulia humo humo.

Mize akakimbilia jikoni. Akarudi na chumvi. Konzi moja, chwaa! Konzi nyingine, chwaa! Akakoroga ndoo, akampapasa Mnuno shavu, ndani na nje.

"Pona, Mnuno. Pona."

Mnuno hakupona. Alipumua mbio kuliko kwanza.
Pwapwapwapwapwapwapwa!

Mikono ya Mize ilijaa utelezi wa samaki. Akaenda kwenye mtungi wa maji ya kisima. Akachota kata moja, akachovya vidole ndani yake.

Akaona kitu.

Ndani ya kata, vidude vyeupe vilikuwa vinazama. Vidogo. Bapa.

"Mama! Nani kamwaga ufuta?"

Mama akaja, akainama. Kiufuta kimoja kikajikunja. Kikajikunjua.

"Huu si ufuta," akasema Mama. "Hawa ni minyoo. Wametoka shavuni mwa Mnuno."

Minyoo hao ukiwatafuta baharini huwaoni. Miili yao inapenywa na mwanga kama ganda la kitunguu. Wakiguswa na maji ya kisima ndipo wanapogeuka weupe.

Nyuma wana kulabu ndogo. Hujishika kwenye matamvua ya samaki, wakala hapo hapo, wakalala hapo hapo. Hawakuwa na ugomvi na Mnuno. Walikuwa na njaa tu.

Lakini mnyoo akiita ndugu, na ndugu akiita jirani, samaki hukosa pahala pa kupumulia.

"Kwenye chumvi walikuwa wanastarehe," akasema Mama. "Chumvi ni kwao. Maji ya kisima ndiyo yaliyowashinda."

"Basi Mnuno aoge maji ya kisima!" akasema Mize.

Shangazi Raya akasimama, kisu mkononi, magamba mpaka kwenye nyusi. "Chewa? Maji ya kisima? Mtamuua!"

"Akikaa humo atakufa, kweli," akasema Mama. "Akipita tu, huenda minyoo wakachoka kabla yake."

"Apite kiasi gani?" akauliza Mize.

Mama akafikiri. "Kiasi cha wimbo."

Nyumbani kwao, mtoto akiogeshwa huimbiwa. Wimbo huanzia kichwani ukashuka mpaka miguuni. Wimbo ukiisha, kuoga kumekwisha. Mtoto alie, asilie, wimbo haukatwi.

Mama akajaza beseni maji ya kisima. Akamtia Mnuno. Chubwi!

"Haya, mwimbie. Samaki ni wako," akasema Mama.

Mize akaimba:

*Maji mwaa, maji mwaa,*
*kichwani yashuka chini.*
*Taka toka, taka toka,*
*mwenyewe baki nyumbani.*

Chembe moja nyeupe ikadondoka kutoka shavuni. Kisha nyingine.

*Maji mwaa, maji mwaa,*
*mgongoni yashuka chini.*
*Taka toka, taka toka,*
*mwenyewe baki nyumbani.*

Chembe zikadondoka, zikadondoka. Mnuno akayumba. Akainama upande. Akalala ubavu.

"Mama, anakufa!"

"Imba."

Mize akaimba mbio. "Majimwaamajimwaatumboniyashuka..."

"Polepole," akasema Mama. Mikono yake ilikuwa chini ya Mnuno. "Ukiukimbiza, taka zitabaki."

Ni kazi ngumu kuimba polepole huku moyo unakimbia. Mize akameza mate. Akaimba, machozi yanashuka na maji yanashuka.

*Maji mwaa, maji mwaa,*
*tumboni yashuka chini.*
*Taka toka, taka toka,*
*mwenyewe baki nyumbani.*

"Basi, Mama! Imebaki miguu, na Mnuno hana miguu!"

"Ana mkia!" akapiga kelele Shangazi Raya. "Imba mkia, mtoto wewe!" Akapiga magoti pale pale, na kisu chake, akaanza yeye mwenyewe kwa sauti ya harusini:

*Maji mwaa, maji mwaa,*
*mkiani yashuka chini...*

Wakaimba wote watatu, polepole, mpaka neno la mwisho.

"Sasa!" akasema Mama. Akamtoa Mnuno, akamrudisha kwenye ndoo safi ya maji ya bahari.

Mnuno alilala tu. Ndani ya beseni, kule chini, minyoo walikuwa wametanda, weupe, kama ufuta juu ya mkate.

Mize akasubiri. Mama akasubiri. Hata Shangazi Raya alinyamaza, na hilo si jambo dogo.

Pw...

Pwa...

Pwa... pwa... pwa...

Mnuno akageuka, tumbo chini, mgongo juu.

"Amesimama!" akasema Mize.

"Kusimama si kula," akasema Shangazi, lakini kwa sauti ndogo. "Nazi nimeshaikuna."

Jua likaanza kushuka nyuma ya mikoko. Mize akachukua dagaa mmoja, akamtia ndoani. Chubwi. Dagaa akazama mbele ya mdomo wa Mnuno. Mnuno akamwangalia, mdomo umetokeza. Akageuka akaenda zake.

Mize akafumba macho.

Gubu!

Akafumbua. Dagaa hayupo.

"Kala! Kala! Mama, kala!"

"Haya, wifi," akasema Shangazi Raya. "Na nazi yangu?"

"Tia mchicha," akasema Mama.

Usiku ule walikula mchicha wa nazi, na hakuna aliyelalamika. Kisha Mize akajinyoosha kitandani karibu na mama yake.

"Mama, wale minyoo walikuwa na mama zao?"

"Walikuwa nao."

"Wako wapi?"

"Wengine wamebaki kwenye mashavu ya wale chewa wengine. Na mayai yao yana nyuzi, yamejifunga kwenye wavu wa kizimba."

Mize akainua kichwa. "Kwa hiyo kesho?"

"Kesho tutausugua wavu. Na wale wengine nao wataoga, mmoja mmoja."

"Wote?"

"Wote."

"Na nani ataimba?"

Mama akamfunika kanga mpaka begani. "Shangazi yako. Nani atamnyamazisha? Lala."

Mize akalala. Huko horini chewa nao wakatulia ndani ya wavu wao, na maji ya chumvi yakaingia huku, yakatokea kule.

Hapo ndipo hadithi ilipofika. Aliyesinzia msimwamshe.